Kilo Bila Bei: Hesabu za Chaji, Volti na Nishati

Leo tuna hesabu, na nawaomba mlio karibu na kalamu na karatasi mziweke tayari. Ni hesabu za kuzidisha na kugawanya tu. Mkikwama, mtoto wa darasa la saba aliye hapo sebuleni atawasaidia.

Naanza na swali. Kati ya radi moja inayoshuka kutoka mawingu meusi ya Ziwa Victoria na betri ya simu iliyo mfukoni mwako, ni ipi inayopitisha chaji nyingi zaidi ya umeme?

Najua wengi mmejibu radi. Sasa sikilizeni takwimu. Radi ya kawaida hushusha ardhini chaji ya kulombu 15 hivi. Zipo zinazozidi, zipo zisizofika. Simu ambayo betri yake imeandikwa miliampea-saa 5,000, ikiwa imejaa, inaweza kupitisha kulombu 18,000 kabla haijazimika. Kwa chaji, simu inaishinda radi zaidi ya mara elfu moja.

Lakini radi inapasua mwembe na kuua ng'ombe waliojikinga mvua chini yake, na simu unaishika siku nzima bila kudhurika. Basi kuna jambo ambalo chaji peke yake haituelezi, na jambo hilo ndilo lililonileta mbele yenu. Watu wengi wanauziwa chaji wakidhani wanauziwa nishati. Wanauziwa hivyo kwenye maduka ya simu, kwenye maduka ya sola, na hata na mafundi wema ambao nao waliuziwa hivyo hivyo.

Tuanze na chaji yenyewe. Kila elektroni ina chaji yake, ndogo mno, na elektroni zote duniani zina chaji iliyo sawa kabisa. Ukikusanya elektroni bilioni moja, ukarudia hivyo mara bilioni sita na robo hivi, hapo unapata kulombu moja. Tangu tarehe 20 Mei 2019 chaji ya elektroni imewekwa kuwa thamani isiyobadilika katika mfumo wa vipimo wa kimataifa, na vipimo vingine vya umeme vinajengwa juu yake. Jina la kulombu linatokana na Charles-Augustin de Coulomb, mhandisi wa jeshi la Ufaransa, ambaye mwaka 1785 alitumia mizani ya uzi mwembamba unaosokotwa kupima jinsi vitu viwili vyenye chaji vinavyosukumana. Uzi ukijisokota kidogo, yeye anasoma pembe yake. Kwa kifaa chepesi namna hiyo alipata kanuni ambayo tunaitumia mpaka leo.

Elektroni hatuwezi kuzihesabu moja moja zikipita kwenye waya. Tunachopima ni mkondo, kwa ampea. Ampea moja ni kulombu moja inayopita kila sekunde. Kwa hiyo ukitaka chaji, zidisha ampea kwa sekunde. Simu yetu ina miliampea-saa 5,000, yaani ampea-saa 5. Saa moja ina sekunde 3,600. Tano mara 3,600 ni 18,000. Hapo ndipo ilipotoka ile takwimu niliyoitaja mwanzo.

Nimesema betri inaweza kupitisha kulombu 18,000, sikusema ina kulombu 18,000 ndani yake, na nina sababu. Unapochaji simu, idadi ya elektroni ndani ya betri haiongezeki hata kidogo. Chaja inazihamisha kutoka upande mmoja wa betri kwenda upande wa pili, mahali ambapo zisingekwenda zenyewe. Ukiwasha simu zinarudi zilikotoka, zikipitia kwenye saketi ya simu, na njiani zinafanya kazi. Betri ikiisha, elektroni zote bado zipo. Kilichoisha ni nishati.

Sasa volti. Hapa naomba mniruhusu nihamie sokoni, kwa sababu sioni mfano unaofaa kuliko huu. Mfanyabiashara akikwambia, "Nina kilo 20 stoo," umejua nini kuhusu mali yake? Hujajua kitu. Kilo 20 za chumvi ni mali ya siku moja. Kilo 20 za karafuu kavu kutoka Pemba ni ada ya mtoto shuleni. Ili ujue thamani lazima uzidishe kilo kwa bei ya kila kilo. Kwenye umeme, kulombu ndizo kilo, na volti ndiyo bei. Volti moja maana yake ni jouli moja ya nishati kwa kila kulombu moja. Betri ya volti 12 inatoa jouli 12 kwa kila kulombu inayopita. Soketi ya ukutani, volti 230, inatoa jouli 230 kwa kila kulombu. Nishati ni chaji mara volteji, basi.

Turudi kwenye radi. Kati ya wingu la radi na ardhi, volteji hukadiriwa kufika kama volti milioni 100. Zidisha kwa kulombu 15: unapata jouli bilioni moja na nusu. Simu yetu ina betri ya volti 3.85. Zidisha kwa kulombu 18,000: jouli 69,300. Sasa radi imeizidi simu zaidi ya mara elfu ishirini, tena inaitoa nishati yote hiyo kabla sekunde moja haijatimia, wakati simu inaigawa kidogo kidogo kutwa nzima. Chaji zilitudanganya. Volti zikaturudisha kwenye ukweli.

Jouli 69,300 ni nyingi au ni chache? Mtu aliyetufundisha kulijibu swali hilo ni James Prescott Joule, aliyezaliwa mwaka 1818 huko Salford, karibu na Manchester, Uingereza, katika familia yenye kiwanda cha bia. Alifunga uzito kwenye kamba, uzito ukawa unashuka na kuzungusha makasia ndani ya chombo cha maji, kisha akapima maji yale yamepata joto kiasi gani. Joto lenyewe lilikuwa sehemu ndogo ya digrii, na ilimbidi awe na vipimajoto vizuri sana na subira nyingi zaidi. Alirudia jaribio hilo, akilisahihisha na kuliboresha, kwa miaka mingi ya maisha yake. Kwenye jiwe la kaburi lake, makaburi ya Brooklands pale mji wa Sale, pamechongwa namba: 772.55. Ndicho kipimo alichokipata mwaka 1878, kwa ratili na futi za Kiingereza, cha kazi inayotosha kupasha ratili moja ya maji kwa digrii moja ya Farenhaiti. Mimi namheshimu sana mtu ambaye namba moja aliyoipima vizuri ilionekana inastahili kuwekwa juu ya kaburi lake.

Kwa vipimo vya leo, kilo moja ya maji inahitaji jouli 4,186 ili ipande digrii moja ya Selsiasi. Chukua maji ya digrii 25, uyafikishe 100: ni digrii 75. Gawanya jouli 69,300 kwa 75, kisha kwa 4,186. Unabaki na 0.22, yaani mililita 220. Betri ya simu iliyojaa, nishati yake yote ikigeuka joto bila kupotea, ingechemsha kikombe kimoja cha chai. Ndiyo kusema simu inaishi kutwa kucha kwa nishati ya kikombe kimoja cha chai. Hapo mnaona wahandisi wa simu wamefanya kazi kubwa, na mnaona pia kwa nini hatupiki kwa betri za simu.

Sasa tuingie nyumbani, kwenye mita. Wa Tanzania Bara wana LUKU, wa Zanzibar wana TUKUZA, jirani zetu wa Kenya wananunua tokeni. Majina tofauti, kitu kimoja: tunanunua uniti. Uniti moja ni kilowati-saa moja. Wati moja ni jouli moja kwa sekunde. Kilowati ni wati 1,000. Saa ni sekunde 3,600. Zidisha: uniti moja ni jouli milioni 3.6. Ukilinganisha na simu yetu, uniti moja ingejaza betri kama hiyo mara 52, kama chaja isingepoteza kitu.

Fanyeni na hesabu ya pili, maana hii inawashangaza hata wanaojua. Katika uniti moja zinapita kulombu ngapi kwenye waya wa nyumbani? Gawanya jouli milioni 3.6 kwa volti 230. Jibu ni kulombu 15,652. Ni chache kuliko zile 18,000 za simu! Kilo pungufu, thamani mara hamsini na mbili, kwa sababu ya bei. Umeme wa nyumbani ni mkondo geu, unaokwenda na kurudi mara 50 kila sekunde, kwa hiyo tunahesabu chaji inayopita mbele na ile inayorudi pamoja, na hesabu hiyo ni makadirio yanayofaa kwa kifaa kama pasi au jiko la koili.

Kwenda na kurudi huko kunaondoa dhana moja ambayo naikuta kila mahali, kwamba kampuni ya umeme inatuletea elektroni na sisi tunazimaliza. Hapana. Elektroni zilizomo kwenye waya wa ukuta wako zilikuwemo tangu waya ulipotengenezwa kiwandani. Hata kwenye mkondo mnyoofu wa betri, ampea moja ikipita kwenye waya wa shaba wenye unene wa milimita 1.5 za mraba, elektroni husogea kama sentimita 18 tu kwa saa nzima. Konokono anazipita. Taa inawaka papo hapo kwa sababu msukumo ndio unaosafiri kwa kasi, elektroni zenyewe zinajongea polepole. Mita yako haihesabu elektroni. Inahesabu jouli.

Haya, twende dukani. Umeona pawabenki imeandikwa kwa herufi kubwa: 20,000. Muuzaji anakwambia, "Simu yako ni 5,000, hii itaijaza mara nne." Hesabu imekaa vizuri kwenye ulimi, lakini si sahihi. Hizo 20,000 ni miliampea-saa za seli zilizo ndani, na seli hizo ni za volti 3.7. Kwenye tundu la kuchomekea waya, umeme unatoka kwa volti 5 au zaidi, na simu nayo ina volti 3.85 zake. Tumebadilisha bei njiani mara mbili, halafu tunalinganisha kilo na kilo!

Njia iliyo sawa ni kupitia nishati. Ampea-saa 20 mara volti 3.7 ni wati-saa 74. Saketi ya kubadilisha volti inapata joto, na joto hilo ni nishati iliyopotea. Tuseme asilimia 15 imekwenda hivyo. Zinabaki wati-saa 63 hivi. Simu yetu ni ampea-saa 5 mara 3.85, sawa na wati-saa 19.25. Gawanya 63 kwa 19.25: mara tatu na kitu, na simu yenyewe inapoteza kidogo inapopokea. Kwa hiyo mara tatu, si mara nne. Geuza pawabenki nzuri uangalie maandishi madogo. Mara nyingi utaona wati-saa zimeandikwa, na pengine namba nyingine ya miliampea-saa, ndogo kuliko ile ya mbele, iliyopimwa kwenye volti 5. Maandishi hayo madogo ndiyo ya kuamini.

Mashirika ya ndege yalilielewa jambo hili zamani. Kanuni za usafiri wa anga haziulizi miliampea-saa, zinauliza wati-saa. Betri ya akiba isiyozidi wati-saa 100 unaruhusiwa kuingia nayo kwenye begi la mkononi. Kati ya 100 na 160, uombe kibali cha shirika. Zaidi ya hapo, abiria haruhusiwi. Gawanya 100 kwa 3.7: unapata ampea-saa 27. Sasa mnajua kwa nini pawabenki nyingi kubwa huishia kwenye 26,800 au 27,000.

Na zile ndogo kama kiganja cha mtoto, nyepesi kama sabuni iliyobaki nusu, zilizoandikwa 50,000? Tuzipige hesabu. Ampea-saa 50 mara 3.7 ni wati-saa 185. Seli nzuri ya lithiamu ya umbo la silinda, yenye urefu wa milimita 65, hubeba ampea-saa 3.5 hivi na kuwa na uzito wa gramu 45 hadi 50. Ili ufike 50 unahitaji seli 15 kama hizo, yaani gramu 700 kwa seli peke yake, kabla ya kasha na saketi. Kama kitu ulichokishika hakifiki hata robo kilo, mwenye duka hana la kukueleza. Mizani ya mchuuzi wa vitunguu hapo jirani inatosha kuufichua uongo huo. Jambo hili linaniuma, kwa sababu anayenunua kifaa kama hicho mara nyingi ni yule ambaye kijijini kwake hakuna umeme, na ametoa pesa ya mavuno.

Kwenye sola ndiko kuna maumivu makubwa zaidi. Mteja anaambiwa, "Chukua betri ya mia, itakutosha." Mia ni ampea-saa. Mara sekunde 3,600, ni kulombu 360,000. Zidisha ampea-saa 100 kwa volti 12: wati-saa 1,200. Hiyo ni uniti moja na sehemu mbili za kumi. Betri ya risasi na asidi, inayokaribia kilo 30, inayobebwa na mtu mzima kwa kuhema, imebeba nishati ya uniti moja na kidogo. Tena hutakiwi kuitumia yote. Ukiizoesha kuimaliza zaidi ya nusu kila siku, bamba za risasi zinaharibika mapema. Kwa hiyo unachoweza kutumia kila usiku bila kuiua ni wati-saa 600 hivi, na inveta nayo inakula sehemu yake.

Andika sasa matumizi ya jioni. Taa tano za wati 7, saa tano kila moja: wati-saa 175. Televisheni ya wati 40, saa nne: 160. Simu tatu, tuseme wati-saa 20 kila moja: 60. Jumla ni 395. Ongeza kidogo kwa ajili ya inveta, bado tuko ndani ya 600, usiku unapita vizuri. Sasa mtu analeta pasi ya wati 1,000 na kuiwasha kwa nusu saa. Hizo ni wati-saa 500 nyingine, na betri inasukumwa karibu na mwisho wake. Ikirudiwa wiki baada ya wiki, betri inakufa, na mwenye nyumba anasema sola haina maana. Sola ina maana kubwa. Ilikosa tu mtu wa kuzidisha mia kwa kumi na mbili kabla pesa haijatoka. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari, na hakuna mali iliyo rahisi kupotea bila habari kama umeme.

Hapo hapo kwenye sola kuna mtego wa pili. Fundi anachukua kipima volti, anagusa betri, anasoma 12.2. Mwenye nyumba anafurahi: betri ni ya volti 12, na zote zipo na ziada! Lakini betri ya risasi iliyojaa na kupumzika husoma kama 12.7. Ikisoma 12.2 imeshatumika nusu. Ikikaribia 11.8 haina kitu. Bei ya karafuu ikishuka kidogo sokoni, huwezi kujua kwa hilo peke yake umebaki na magunia mangapi stoo. Inabidi uwe umeshajifunza bei hiyo inavyoshuka kadiri stoo inavyopungua. Ndivyo ilivyo kwa betri. Volti haisemi kiasi. Unaweza kuisoma kama dalili, mradi umeipima betri ikiwa imepumzika, haichajiwi wala haitumiki.

Kuunganisha betri mbili, nitapita haraka. Ukiziunga kwa mfuatano, volti zinajumlishwa: unapata volti 24 na ampea-saa 100. Ukiziunga sambamba, ampea-saa zinajumlishwa: volti 12 na ampea-saa 200. Nishati ni ile ile, wati-saa 2,400. Muungano wa kwanza, wa mfuatano, ndio ugunduzi wa Alessandro Volta wa mji wa Como, Italia. Alipanga sahani za fedha na zinki, moja juu ya nyingine, na kati ya kila jozi akaweka kipande kilicholowa maji ya chumvi. Jozi moja ilitoa volteji ndogo. Akaongeza jozi, volteji ikapanda. Tarehe 20 Machi 1800 aliandika barua kwa Joseph Banks, rais wa jumuiya ya wanasayansi ya London, akieleza kifaa chake. Kabla ya barua hiyo watu walijua kutoa cheche kwa kusugua vitu. Mkondo unaoendelea kutiririka kwa muda mrefu hawakuwa nao.

Kama nishati ni ile ile, kwa nini fundi mzuri anapendelea volti 24 kwa nyumba kubwa? Kwa sababu ya waya. Chukua ile pasi ya wati 1,000. Kwa volti 230 inahitaji ampea 4.3. Kwa volti 12 ingehitaji ampea 83. Joto linalopotea kwenye waya linakua kwa mraba wa mkondo, kwa hiyo waya ule ule ungepoteza nishati zaidi ya mara 360. Ndiyo maana nyaya za betri ni nene, na ndiyo maana umeme wa Bwawa la Julius Nyerere kwenye mto Rufiji unasafirishwa hadi Chalinze kwa volti 400,000. Bei ikiwa juu, kilo chache zinatosha kubeba thamani ile ile, na barabara haichakai.

Bwawa hilo lina mitambo tisa, kila mmoja megawati 235. Zote zikizunguka kwa nguvu kamili ni megawati 2,115, yaani jouli bilioni mbili na zaidi kila sekunde. Kumbukeni radi yetu ilikuwa jouli bilioni moja na nusu. Bwawa lingetoa nishati ya radi moja, na ziada, kila sekunde, mchana na usiku. Na kwa wale wanaoniuliza kwa nini hatuvuni radi, jibu ni hili. Radi nzima, hata ukiikamata yote bila kupoteza chochote, ni uniti 417 hivi. Kwa Tanzania Bara, mteja mdogo wa nyumbani ni yule asiyezidi uniti 75 kwa mwezi. Radi moja ingemtosha kwa miezi mitano na nusu, basi. Na hujui itapiga wapi.

Walimu mnaonisikiliza, nina ombi kwenu. Wanafunzi wetu wanaandikiwa herufi ubaoni, wanatafuta chaji kwa kuzidisha herufi mbili, wanapata alama, wanakwenda nyumbani. Jioni wanamwona mama akinunua pawabenki ya uongo na hawamwambii kitu, kwa sababu hakuna aliyewaambia kwamba herufi zile zilikuwa zinaizungumzia pawabenki hiyo. Waleteeni betri halisi darasani. Waache wasome maandishi yake, wapime uzito, wabishane.

Nanyi mlio nyumbani, kazi ya leo usiku ni hii, na haina hatari kwa sababu hamgusi waya wowote. Angalieni mita yenu. Ina taa ndogo nyekundu inayomweta, na kando yake kuna namba, kwa mfano 1,000 kwa kila kilowati-saa. Kama ni 1,000, basi kila mmweto ni wati-saa moja, yaani jouli 3,600. Zimeni kila kitu, muache friji peke yake, na msubiri mpaka mashine yake ianze kunguruma. Hesabuni sekunde kutoka mmweto mmoja hadi unaofuata. Mgawanye 3,600 kwa sekunde hizo. Sekunde zikiwa 36, friji inakula wati 100. Zikiwa 18, wati 200. Kama mita yenu imeandikwa 1,600, anzeni na 2,250 badala ya 3,600, kisha mgawanye vile vile. Baada ya friji, jaribuni feni, halafu pasi, halafu televisheni iliyozimwa kwa rimoti bila kuchomolewa kwenye soketi. Hiyo ya mwisho mtahitaji subira. Mmweto wake unaweza kuchukua dakika nyingi. Andikeni namba zote kwenye karatasi moja, muibandike karibu na mita.